Chura wa Jiraiya Amefika Chamazi

Ramadhani iliyopita nilialikwa katika baraza la washairi, nami nikenda kwa furaha, maana sisi tunaoishi Chamazi, mwisho kabisa wa Temeke, mialiko ya namna hiyo hatuipati kila siku. Baada ya futari, na baada ya mashairi ya kuusifu mwezi, alisimama mzungumzaji mmoja, mtu mzima anayeheshimika, ambaye mimi mwenyewe nimejifunza mengi katika tungo zake. Akasema kwamba watoto wetu wametekwa. Safari hii hawakutekwa na Mzungu, alisema, wametekwa na Mjapani: kutwa wanatazama katuni za watu wenye macho makubwa na nywele zilizosimama kama miiba ya nungunungu; ngano hawazijui, vitendawili hawavijui, na utendi ndio kabisa. Kisha akaongeza mambo mawili. La kwanza, kwamba katuni hizo hazina asili, ni vitu vya dukani tu. La pili, kwamba wanaozitafsiri katika mabanda ya video ni wahuni waliopewa kipaza sauti, na kila wakifungua kinywa wanaivunja lugha ya Kiswahili. Watu walipiga makofi. Nami nilipiga, na ndiyo sababu naandika haya.

Nilipiga kwa adabu, kwa kuwa aliyesema ni mkubwa wangu. Lakini nilipokuwa nimesimama ndani ya daladala kutoka Rangi Tatu kurudi nyumbani, viganja viliniwasha. Kati ya maneno yale mawili hakuna hata moja lililo kweli, na mimi nilikuwa na habari hiyo, nikanyamaza. Kunyamaza kwangu kulikuwa uwongo wa tatu.

Naanza na banda, kwa sababu naamini wengi waliopiga makofi usiku ule hawajapata kuingia humo. Karibu na ninapokaa, nyuma ya mashine ya kusaga, kuna banda la mabati lenye benchi za mbao, televisheni moja kubwa na feni moja inayozunguka ikipenda. Vijana huliita kibanda umiza, na jina hilo halihitaji maelezo kwa aliyewahi kukaa kwenye benchi zile kwa saa mbili. Siku za mpira hujaa hadi mlangoni, maana Uwanja wa Azam Complex uko papa hapa Chamazi lakini si kila mtu ana fedha ya tiketi, na ligi ya Uingereza iko mbali zaidi. Siku nyingine huoneshwa filamu. Mabanda ya namna hii yamepungua tangu simu zilipoingia kila mfuko, lakini hili letu lingali hai, na linaishi kwa sababu moja: lina mtafsiri wake. Ni kijana wa miaka ishirini na kitu. Ana kipaza sauti alichokifunga sponji, ana mashine ndogo ya kuchanganyia sauti, na kazi zake huzirekodi, zikasambaa kwa flashi hadi Mbande na Kongowe. Siku akiamua, huzungumza papo hapo, mbele za watu, bila kurekodi.

Nilimkuta siku moja anafanya hivyo. Kwenye kioo kulikuwa na katuni ya Kijapani iitwayo Naruto, na ndani yake yumo mzee mmoja mwenye nywele nyeupe ndefu, mwalimu wa yule kijana ambaye watu wa bandani humwita steringi. Mzee huyo huita machura wakubwa kama nyumba wakaja kumpigania. Jina lake Jiraiya. Mtafsiri wetu alimpa Jiraiya sauti ya mzee wa Kizaramo aliyeoa na kuacha mara nyingi na bado hajakata tamaa. Mganga mmoja wa kike, Tsunade, alimpa sauti ya mama mweka hazina wa kikoba, asiyesahau deni. Na adui yao, Orochimaru, mtu wa nyoka, ambaye mimi nilidhani angempa ukali, alimpa Kiswahili sanifu cha msoma taarifa ya habari, polepole, kila silabi mahali pake. Banda zima lilicheka, kisha likaogopa. Nikawaza: huyu kijana amegundua kwa masikio yake kwamba katika nchi yetu lugha iliyopigwa pasi inaweza kutisha kuliko ngumi, na hili hakulisoma popote.

Jambo ambalo sitalisahau lilikuja baadaye. Mwalimu anakufa, na mwanafunzi anapata habari. Hapo mtafsiri alinyamaza. Alipandisha sauti ya filamu yenyewe, akatuacha tusikie Kijapani tusichokielewa, labda kwa dakika nzima, banda lote kimya, feni tu ndiyo inayosikika. Ndipo akasema maneno manne au matano, kwa sauti ya chini, na basi. Mimi nimetafsiri mashairi kwa miaka ishirini na tano, na sina hakika kama nimewahi kujua mahali pa kunyamaza.

Sasa niulize: chura huyu ametoka wapi? Mzungumzaji wetu anasema dukani. Basi tumfuate nyuma.

Naruto ilichorwa na Kishimoto Masashi, ikaanza kutoka mwaka 1999 na kumalizika mwaka 2014. Lakini Jiraiya si wake. Mwaka 1921, filamu zikiwa bado hazina sauti, Makino Shozo alitengeneza filamu ya Jiraiya, na watu wakajaa kumwona chura. Wala si wa Makino. Mwaka 1852 Jiraiya alichezwa katika kabuki, ile michezo ya jukwaani ya watu wa mjini. Na kabla ya hapo, kuanzia mwaka 1839, hadithi yake ilitoka katika vijitabu vya picha vilivyoendelea kwa karibu miaka thelathini, mwandishi mmoja akimpokea mwenziwe. Humo wamo wote watatu: Jiraiya na uchawi wa chura, Tsunade mkewe na uchawi wa konokono asiye na gamba, na Orochimaru adui yao na uchawi wa nyoka. Watoto wa Chamazi wanaowajua hao watatu wanawajua watu wenye umri kuupita Mkataba wa Heligoland.

Na mtu asidhani kwamba mwaka 1839 ndio mzizi. Jiraiya alitokea kwanza katika riwaya ya mwaka 1806, na mwandishi wa riwaya hiyo aliliokota jambo hilo kutoka China, katika kisa cha kale cha mwizi aliyekuwa akiandika ukutani, kila alipoiba, kwamba amekuja yeye. Basi tumechimba tukitafuta asili ya Kijapani, tumekuta Mchina, tena mwizi! Hapo ndipo nataka wenzangu wanisikilize vizuri, maana neno hili "asili" tunalitumia kama fimbo. Tezuka Osamu, ambaye Wajapani wanamhesabu kuwa baba wa hadithi zao za picha za zama hizi, na ambaye mwaka 1963 aliipeleka katuni yake ya mtoto wa chuma kwenye televisheni, hakuficha kwamba alizipenda mno filamu za Disney. Macho yale makubwa yanayomkera mzungumzaji wetu, sehemu yake yalitoka Marekani. Wajapani hawakuwa na kisima kisichoingiwa na maji ya jirani. Walichokuwa nacho ni desturi ya kutoacha kuchota: hadithi ya kitabuni ikipanda jukwaani, ya jukwaani ikiingia kwenye filamu, ya filamu ikiingia kwenye katuni, na kila anayeipokea akiiongezea mkono wake bila kuomba radhi kwa marehemu.

Nakuja kwenye neno la pili, la wahuni wa kipaza sauti, ambalo ndilo lililoniuma zaidi.

Filamu zilipoingia Japani mwaka 1896, Wajapani hawakuziacha zionekane kimya. Pembeni ya pazia alisimama mtu, akaeleza kinachotendeka, akasema maneno ya kila mhusika kwa sauti yake, mwanamume, mwanamke, mtoto, mbwa ikibidi. Mtu huyo aliitwa benshi. Watu wa ukumbini mara nyingi walikwenda kwa ajili ya jina lake kuliko jina la filamu, jambo ambalo mkazi yeyote wa Dar es Salaam aliyenunua kanda kwa sababu iliandikwa Lufufu atalielewa bila kufafanuliwa. Mwaka 1927 mabenshi walihesabiwa zaidi ya 6,000, wakiwemo wanawake. Na hawakuzuka tu. Katika michezo ya vikaragosi ya Japani, ile iitwayo bunraku, kikaragosi hasemi. Pembeni hukaa mghani mmoja na mpiga shamisen, na mghani huyo peke yake hubeba sauti za wote na maelezo ya katikati. Chikamatsu Monzaemon, aliyefariki mwaka 1725, mtu ambaye Wajapani wanamweka juu kabisa katika fasihi yao, tungo zake nyingi alizitungia vikaragosi hivyo. Jamani, malenga mkubwa wa taifa aliwatungia wanasesere! Nani kati yetu atakubali leo kuliandikia banda la Mbagala?

Lakini nisiwapambe Wajapani, maana wao nao walikuwa na baraza lao la kupiga makofi. Katika miaka ya 1910 walitokea wasomi wa filamu waliomshambulia benshi kwa maneno yale yale niliyoyasikia baada ya futari: kwamba ni mropokaji, kwamba anaharibu sanaa safi, kwamba aondoke ili filamu ijieleze yenyewe. Polisi wa Tokyo nao mwaka 1917 wakamtaka achukue leseni. Kilichomwondoa mwishowe hakikuwa wasomi wala polisi. Ilikuwa filamu yenye sauti, miaka ya 1930. Mmoja wa walioangamia ni Kurosawa Heigo, benshi wa filamu za kigeni, kaka yake Kurosawa Akira ambaye baadaye alikuja kuwa mwongozaji mashuhuri duniani. Heigo aliongoza mgomo wa wenzake, mgomo ukashindwa, na mwaka 1933 akajiua, hajatimiza miaka thelathini. Mdogo wake ameeleza katika kumbukumbu zake kwamba ni kaka huyo aliyemwonesha filamu za kutazamwa. Wasomi wa filamu safi wangemtia mfukoni nani, kama si huyo mdogo wake aliyelelewa na mropokaji?

Leo mabenshi wachache wapo Japani, wanasimulia filamu za kale mbele za watu walionunua tiketi na kuvaa vizuri. Mwaka 2019 Suo Masayuki aliwatengenezea filamu nzima. Heshima ilikuja, ila ilikuja wakati sauti nyingi zimekwisha kuzikwa.

Nimemtaja Lufufu. Wasomaji wa visiwani ambao hawakupata kuishi Dar es Salaam katika miaka ile ya kanda huenda hawamjui. Ndiye Derek Gaspar Mukandala, mtafsiri wa filamu ambaye sauti yake ilisikika kutoka kwenye mabanda ya kila pembe ya jiji, akizifasiri filamu za Marekani, za India, za Nigeria, za Hong Kong, kwa Kiswahili chake mwenyewe. Kenya yupo DJ Afro, ambaye mashabiki wake hukariri maneno yake kuliko wanavyokumbuka filamu. Kampala nako wapo, kwa Kiganda. Juu ya watu wa Dar es Salaam ameandika mtaalamu mmoja wa Kijerumani, Matthias Krings wa Chuo Kikuu cha Mainz, katika kitabu chake kilichotoka mwaka 2015. Mjerumani amekaa kwenye benchi zile zile zinazoumiza, akasikiliza, akaandika. Sisi washairi wa Kiswahili, tunaojua vina na mizani, tunaoweza kusema hapa amepatia na hapa amekosea, tuliandika nini? Wengine wetu tulikuwa tunapiga makofi.

Mimi ni mtoto wa Ng'ambo, Unguja. Nilikuta majumba ya sinema yangali na watu, na filamu za Kihindi zikioneshwa bila maandishi tunayoweza kuyasoma. Nani alitufasiria? Palikuwa na mama mmoja jirani yetu, aliyekuwa amekwisha kuiona filamu mara tatu kabla yetu, naye alikaa katikati ya mstari akawaeleza wa kulia na wa kushoto, na pale asipojua alitunga. Nyumbani alirudia yote kwa nyimbo. Sikujua wakati ule kwamba nimepata mwalimu wa tafsiri. Hata leo nikikwama kwenye sentensi najiuliza yeye angeisemaje kabla taa hazijawashwa.

Na taarabu yetu je, tunayoivalia kanzu? Seyyid Barghash, aliyetawala kuanzia mwaka 1870 hadi 1888, aliitaka kutoka Misri, akamtuma Muhammad Ibrahim akajifunze huko. Ilipigwa kasri, kwa Kiarabu, kwa watu wachache. Aliyeifanya yetu ni Siti binti Saad, mwanamke wa shamba aliyekuja mjini na vyungu, akaiimba kwa Kiswahili cha watu, na mwaka 1928 akaipeleka Bombay kwenye santuri. Hapana shaka kulikuwa na waungwana waliosema anaiharibu. Kama wangesikilizwa, jarida hili lingekosa nusu ya mashairi yake.

Wala Mjapani si mgeni wa jana pwani hii. Katika miaka ya 1950 na 1960 kanga nyingi walizojifunga mama zetu zilichapwa Japani, viwandani mwa watu wasiojua neno la Kiswahili, na katikati ya kitambaa limekaa jina lenye fumbo la kumchoma jirani. Sijasikia kwamba mama zetu walitekwa. Walichagua jina, wakamchoma jirani.

Lakini lipo jambo moja ambalo Wajapani wametupita, nalo ndilo ningependa baraza lile lilizungumze badala ya nywele za miiba. Katika karne ya 13, mshairi Fujiwara no Teika alichagua mashairi mia moja ya washairi mia moja, kila moja tanka ya silabi 31. Mashairi hayo leo ni mchezo. Kila shairi lina kadi yake, na kadi imeandikwa nusu ya pili tu. Msomaji anaghani nusu ya kwanza, na wachezaji wawili waliopiga magoti wanakimbilia kuinyakua kadi yenye nusu iliyobaki. Mabingwa huinyakua baada ya silabi moja au mbili, maana wamekwisha kujua ni shairi lipi linaloanza kwa sauti ile peke yake. Mashindano makubwa hufanyika kila Januari katika hekalu la Omi, mjini Otsu. Na juu ya mchezo huu Suetsugu Yuki alichora hadithi ya picha iitwayo Chihayafuru, kuanzia mwaka 2007 hadi 2022, ikawa katuni, ikawa filamu, na vijana wasiokuwa na habari na mashairi ya kale wakaanza kuyahifadhi ili wasishindwe na wenzao. Yaani katuni, kitu cha dukani, iliwarudisha watoto kwa mshairi wa karne ya 13.

Sisi tulikuwa na nini cha namna hiyo? Tulikuwa na kujibizana, mmoja akifunga na mwenziwe akifungua. Tulikuwa na gungu. Tulikuwa na ngonjera, ambayo Mathias Mnyampala aliisimamisha na kuipeleka mbele za watu. Tukaichukua tukaifanya ya kumkaribishia mgeni rasmi, watoto wamepangwa juani, shairi halimalizwi mpaka limtaje mheshimiwa. Tulikuwa na magazeti ya picha kama Sani, na Ndumilakuwili na Lodi Lofa wake, ambayo mimi niliyasoma hadi kurasa zikachanika, na hakuna mwalimu aliyenionesha kwamba yale nayo ni fasihi. Tuna Fumo Liyongo, mtu mkubwa kuliko Jiraiya, mshairi na mpiga mishale aliyetoroka gerezani kwa msaada wa wimbo, asiyeuawa na silaha yoyote ila sindano ya shaba kitovuni, na akauawa na mwanawe. Muhammad Kijumwa alimtungia utendi mwaka 1913. Ukitaka kumwona Liyongo leo, wengi wetu tutakupeleka kwenye mtihani wa kidato cha nne, swali la shujaa na sifa zake. Mtoto anamkuta Liyongo akiwa na hofu ya kufeli, kisha tunashangaa kwamba amempenda mzee wa chura.

Ubongo Kids, waliotokea Dar es Salaam mwaka 2014, wameonesha kwamba katuni ya Kiswahili inatengenezeka hapa hapa na watoto wakaitazama. Yao ni hesabu na sayansi, na hiyo ni kazi njema. Liyongo anangoja.

Najua nitakavyojibiwa. Nitaambiwa lugha ya mabandani ni chafu. Ni kweli, mara nyingine ni chafu, na mtoto wa darasa la tatu hana kazi bandani saa nne za usiku. Hilo namlaumu mzazi na mwenye banda, na nimemwambia mwenye banda letu uso kwa uso. Nitaambiwa wanavunja sarufi. Wanavunja, na pia wanaunda: maneno yao kadhaa nimeyasikia baadaye midomoni mwa watu ambao hawatakiri waliyatoa wapi. Wapo wavivu kati yao, ambao kila adui anaongea sawasawa na kila mzaha ni wa tumbo. Wapo washairi wa namna hiyo pia, na hatujataka mashairi yapigwe marufuku.

La haki miliki ni zito zaidi na sitalikwepa. Filamu hizi hutafsiriwa bila idhini ya wenyewe. Mwaka 2017 wasanii wetu wa filamu waliandamana Kariakoo kulalamikia filamu za nje zinazouzwa bei ya karanga huku zao zikikosa soko, na machungu yao nayaelewa, kwani anayeshindana na bidhaa ya bure hana mshindani bali ana mafuriko. Sheria ifuate mkondo wake. Ila nikitaka kumnyooshea kidole kijana wa bandani, kwanza nikunje kidole changu. Mimi Kijapani sikijui. Tanka zangu nilizifasiri kutoka kitabu cha Kiingereza nilichokinunua kwa muuza vitabu vya mitumba barabara ya Samora, kwa msaada wa kamusi na ukaidi, kwa kuwa shule yangu iliishia darasa la saba. Washairi wenyewe wamekufa zaidi ya miaka elfu moja na hawatanidai. Wale Waingereza waliozifasiri kabla yangu sikuwaomba ruhusa. Kwa sheria, mimi na kijana yule tumekaa benchi moja.

Ninachokitaka ni kidogo. Kanda za miaka ya 1990 zinaliwa na ukungu katika masanduku ya watu. Zikusanywe na zisikilizwe kabla hazijawa plastiki tupu. Na wewe Mhariri, nakuomba ukurasa mmoja katika kila toleo. Tuandike maneno ya mtafsiri wa banda kama alivyoyasema, neno kwa neno, kisha mmoja wetu ayachambue kama tunavyolichambua shairi: wapi kapandisha sauti, wapi kaacha kutafsiri, wapi kamgeuza mtu wa Tokyo kuwa mtu wa Mbagala na wapi hakupaswa. Akivurunda, tumwambie kwamba kavurunda. Kulaumiwa na anayejua kazi ni heshima. Vijana hawa hawajapata hata hiyo.

Yule wa hapa kwetu nimeanza naye. Nilimpelekea daftari langu la tanka, lile lile ambalo mchapishaji mmoja alikaa nalo miaka sita akanirudishia na alama ya kikombe cha chai kwenye jalada. Nilimwambia achague moja, alisome bandani kabla ya filamu, nione watu watafanya nini. Alikaa nalo siku tatu. Alichagua moja kutoka diwani ya Kokinshu, iliyokusanywa kwa amri ya mfalme yapata mwaka 905, ya mtunzi asiyejulikana: mtu anamngoja mtu usiku. Nilijua angeniuliza maana ya neno fulani la kale nililoliweka kwa ajili ya kina, nikawa nimejiandaa kulitetea.

"Shikamoo mzee," akasema. "Hili nimelipenda. Ila huyu anayengoja ni mwanamume au mwanamke? Na ana umri gani? Nataka kujua nimpe sauti gani."

Nikafungua kitabu changu cha Kiingereza. Kiingereza chake hakikusema. Kiswahili changu nacho kilisema "nangoja" tu, nami kwa miaka ishirini na tano sikuwahi kumwuliza yule mtu yeye ni nani. Nimemwambia kijana anipe mpaka Ijumaa.